Wino wa Zambarau

Kila alfajiri, kichinjioni Chavakali,
nazunguka kulabu na kisu changu.
Nakata tezi, napapasa mapafu,
napasua ini kutafuta minyoo.
Iliyo safi naigonga muhuri pajani: IMEKAGULIWA.
Dakika ishirini, ng'ombe kathibitishwa.

Mimi, miezi sita ya majaribio
ilizaa mingine sita, nayo ikazaa mwaka.
"Faili yako iko mezani," husema Bi. Kegehi wa utumishi.
Meza ipi, hasemi.
Chama cha mikopo kikauliza: umethibitishwa?
Mwenye nyumba naye, ati kwa utani.

Nikajifunza kusalimu kwa mikono miwili.

Na Jumanne moja ya Agosti
akachinjwa fahali wa mkubwa fulani,
mapafu yamejaa vinundu, vigumu kama maharagwe mabichi.
"Wewe bado uko kwa majaribio, sivyo?"
akauliza dereva wake, kwa upole kabisa.
Nikagonga muhuri.

Jana barua imefika, bahasha ya kaki, doa la chai.
*Umethibitishwa kazini kuanzia tarehe mosi Machi.*
Machi ile, ya kabla ya Agosti ile.
Miezi kumi na minane imelala drooni mwa mtu.

Wenzangu wametaka soda. Nimenunua kreti nzima.
Kidole gumba changu kina zambarau
isiyosikia sabuni wala ndimu.
Siku ile nilikuwa wa kudumu tayari,
sikujua tu.

Fahali aliliwa harusini, huko Hamisi.
Nasikia hakuna aliyeugua.
Nasikia. Sijauliza sana.