Mjumbe

"Mwambie babu yako mlenda umeiva."
"Mwambie bibi yako nakuja."

Miaka mitatu Nyemo alibeba maneno yao
toka jikoni hadi ghalani,
alikohamia Mzee Madeha na kitanda chake
mwaka ule wa uwele mwingi,
eti analinda magunia, panya wamezidi.

Magunia yaliisha.
Kitanda kikabaki.

Januari mtoto kapanda treni, kaenda shule Itigi.
Bahi pakabaki upepo
na watu wawili wenye ufunguo mmoja.

Leo Sechelela kaepua chungu,
kasimama mlangoni na mwiko,
hana wa kumtuma.
"Mwambie babu yako," akamwambia kuku,
"mlenda umeiva."

Ghalani kitanda kikalia,
kikanyamaza.
"Mwambie asizidishe chumvi."

Kuku alishakwenda zake.