Nyuma ya Honi

Singano kalifunga basi.
Nywila elfu tano, tuma kwa simu,
ukichelewa, kesho elfu sita.

Basi lenyewe nalijua tangu halijawa na magurudumu:
Barabara ya Kumi na Tano, chumbani kwake,
feni imekufa, kompyuta inahema kama mgonjwa.
Vioo kavichora yeye, usiku arobaini na moja, sikatai.
Rangi ni za Mhando. Kona za Segera
alizipima Kihiyo kwa pikipiki ya shemeji yake.
Honi ni yangu: niliinasa stendi ya Kange
saa kumi na moja alfajiri,
simu nimeiinua juu mpaka mkono ukafa ganzi.

"Bando halinunuliwi kwa asante," kasema.
Nikamjibu neno ambalo
sitaliandika hapa; mama anasoma.

Wiki haikuisha, mtu wa Korogwe
akaivunja nywila, akaligawa basi kama pilau ya hitima.
Singano kazima simu. Mhando kacheka.
Mimi nikalipakua, nakiri, gizani, kama mwizi wa kuku.

Nikaliendesha hadi Muheza, nikabonyeza honi,
nikaongeza sauti,
na nyuma ya honi, mbali, mwanamke anaita:
machungwa, machungwa, mia mbili.

Sikuwahi kumsikia.
Miaka miwili anauza ndani ya honi yangu
na hakuna aliyemlipa.

Leo nimepita Kange. Sikumwona.
Nimenunua machungwa kwa mwingine,
nimeyapeleka kwa Singano.
Kafungua mlango nusu.