Zamu ya Saa Nne

Mlango uko nyuma ya makala ya Mama Kanyere,
huku Ndosho, kwenye mawe meusi
yanayokula viatu kwa miezi mitatu.
Franga elfu tano. Kijana anaandika risiti juu ya paja,
ananipa kofia ya plastiki ya njano
yenye jasho la mtu wa zamu iliyopita.
Naitwa Kambere, asema. Inameni.

Tuko sita. Mwalimu kutoka Butembo na mkewe,
wanafunzi wawili, simu mbele kama mishumaa,
mzee mnene anayehofia magoti yake,
na mimi, ambaye sikusema kitu pale juu.

Ngazi ni mpya. Zamani palikuwa na kamba
na mikono ya mtu yeyote.

Kambere anaijua kazi yake. Asema moto ulipita hapa,
jiwe likiwa uji, likapoa juu,
likaendelea kukimbia chini,
likatuachia koo.
Asema: vita vilipofika Sake tuliingia humu.
Tulikaa siku tisa. Tulikuwa watu sabini.
Tulikinga matone ya dari kwa vifuniko vya bidoni.

Naitazama shingo yake. Miaka ishirini na miwili, si zaidi.
Hiyo *tu* ameipata wapi?
Silabi moja, na ndiyo hiyo hiyo
tuliyogawiwa humu badala ya chakula:
kesho tu. Kidogo tu. Nyamaza tu.

Siku zilikuwa kumi na moja.
Dada yangu Masika alinisuka msuko mmoja
kila tulipodhani kumekucha,
nikatoka na misuko kumi na mmoja,
wa mwisho umelegea, kwani mikono yake
ilikuwa imeanza kutetemeka.
Watu sabini? Sijui.
Gizani watu huhesabiwa kwa kikohozi.

Msiguse ukuta, asema Kambere.
Mwalimu auliza tulipika nini, tulijisaidia wapi;
mkewe amkanyaga mguu.
Kambere aonyesha shimo, ana mzaha wake wa kila siku.
Hasemi harufu. Hasemi mtoto wa Mama Riziki
tuliyemziba mdomo kwa kitenge, zamu kwa zamu,
mpaka akajifunza.
Siku hizi anauza vocha Birere. Nasikia
ni mtu wa maneno machache.

Kisha kile wanachokipenda wageni:
Zimeni tochi. Dakika moja. Lisikieni giza.

Simu moja inachelewa. Mtu anacheka,
kisha hacheki.
Na mkono wangu, bila kuniomba ruhusa,
unashuka ukutani hadi kimo cha bega la mtoto,
unatafuta ufa nilimoficha
kifungo cha shati la baba.
Ufa upo. Umepungua, au kidole ndicho kilichokua.
Ndani kuna karatasi ya peremende.
Naiacha. Huenda na huyo aliificha.

Washeni.
Nyuso zinarudi na aibu kidogo,
kama za abiria walioamshwa safarini.
Kambere anautazama mkono wangu, vumbi jeusi
hadi kwenye kiwiko. Anangoja wengine watangulie,
halafu kwa sauti ambayo si ya kazi:
Bibi yangu alisema kumi. Wenye ofisi waliandika tisa.
Kumi na moja, nasema.
Anaitikia kwa kichwa. Haulizi.

Juu, jua limekaza. Chukudu inateremka
na magunia ya viazi, dereva amepiga goti juu yake.
Watu wa saa tano wanajaribu kofia zetu
kabla hazijapoa.
Namsikia akianza: tuliingia humu. Tulikaa siku tisa,
anameza mate,
wengine wanasema zaidi.

Nanunua makala ya elfu mbili kwa Mama Kanyere.
Nyumbani ninayo gunia zima.
Nataka tu, nikifika,
vidole vyangu viwe na sababu.