Mawe Mawili

Leo mjukuu wangu kanivika masikioni
vidude viwili vyeupe. Babu, sikiliza,
huu wimbo unapigwa Japani.
Nikasikia mvua ya Wete.

Mvua ile ile, ya mwaka wa foleni ya mchele,
inatwanga bati la ghala ya makonyo pale Limbani,
na Bi Mize Khatibu anakohoa kabla hajaanza
(kikohozi nacho kimefika Japani),
kisha anatoa:
"Popo kanywa mwezi, mdomo wamng'ara,
popo kanywa mwezi, hajui pa kulala."

Wimbo wa kuchambulia karafuu, wa mama zetu,
wa vidole kukimbizana na vikonyo
kabla jua halijayahama majamvi.
Hauna ajabu. Paka angelala.

Ila Sleyum fundi redio kichwa chake hakikutulia.
Kalifunga gambusi la Shaame Kombo waya wa breki ya baiskeli,
maikrofoni akaitia mtungini,
mtungi akauteremsha ndani ya birika kavu,
akasema: hapo sauti itapotea,
na ikirudi itarudi na wenziwe.
Rikoda ilikuwa ya kuazima. Ilikula mawe sita.

Nilikuwa na miaka kumi na moja, viatu sina.
Nikatumwa dukani: mawe sita, mapya, na chenji usiiguse.
Chenji sikuigusa.
Nilirudi na sita, manne mapya;
mawili niliyabadili njiani, nyuma ya mgomba,
na yale ya tochi yangu yaliyokwisha choka,
kwani usiku ule nilitaka kwenda mikokoni
kumulika kaa.

Ubeti wa kwanza ukaenda kama desturi.
Wa pili ukaenda.
Wa tatu, nimekaa juu ya gunia, nikaona
magurudumu ya mkanda yanasinzia,
yanazunguka kama punda wa kinu wakati wa adhuhuri.
Wenyewe wamefumba macho, wanaimba.
Nami nikafumba langu, nikafumba na mdomo.

Juma la pili Sleyum akapata mawe mazima.
Tukajibana sote kuizunguka rikoda.
Ulipofika ubeti wa tatu, mkanda uliorikodiwa kwa usingizi
ukakimbia macho makavu,
na sauti ya Bi Mize ikaanza kupanda, ikawa nyembamba,
ikapanda tena, gambusi likageuka nyenje,
birika likajaa mbawa,
na aliyekuwa akiimba pale mwisho
alikuwa mtoto wa miaka saba.

Shaame alicheka. Sleyum alishika kichwa kwa furaha.
Bi Mize hakucheka.
Aliuvuta ukaya wake mpaka kidevuni, akasema:
"Huyo Riziki."
Riziki wake alikwenda na homa, mwaka wa nyuma yake.
"Mrudishe," akasema. Sleyum akamrudisha.
"Mrudishe tena."
Mpaka mawe yakafa.

Sleyum aliondoka na mkanda: Mombasa, halafu Maskati,
halafu barua zikakoma.
Sasa mjukuu ananisomea maandishi ya jaladani:
ati waimbaji hawa walikuwa wametafuna majani ya siri,
ati wakaiona mbingu ikipasuka.
Bi Mize! Asiyegusa hata tambuu!
Siku ile tulikuwa na uji wa muhogo, tena bila sukari.

Mwezi uliopita, harusini Jadida,
wasichana waliuimba. Walipofika ubeti wa tatu
wakajibana koo, wakapandisha, wakapandisha,
mishipa imewatoka,
na hakuna aliyeshangaa. Ndivyo unavyoimbwa.
Nimejaribu kuukumbuka ulivyokuwa kabla,
ule mwepesi, wa majamvini.
Naanza vizuri. Halafu nami napanda.

Kaa niliwapata watatu. Mmoja alitoroka.

"Babu, ile sauti waliifanyaje?"
Nikavitoa vile vidude, nikampa mkononi.
Nikamwambia mvua ilikuwa kubwa.