Ulimi wa Kukopesha

Mimi nilikuwa mtoto wa kubeba makopo ya filamu,
makopo sita ya bati, kutoka stesheni hadi ukumbi wa Katuba,
kwa malipo ya kiti kimoja cha mbele
ambacho, kusema kweli, kilikuwa kreti ya bia.

Filamu zilitoka Kirigizia. Nani aliijua Kirigizia?
Fundi mashine alisema ni mbali kupita Kolwezi.
Tafsiri hapakuwa. Palikuwa na Mama Numbi
kando ya shuka, juu ya beseni lililopinduliwa,
mchana akiuza kikanda sokoni,
usiku akimkopesha Burulkan ulimi.

Filamu ya kwanza: binti mwenye misuko arobaini
anamkimbiza farasi kwenye theluji.
Theluji sisi tuliita chumvi, na Mama Numbi hakubisha.
"Nani amemwaga chumvi yote hii?" akauliza Burulkan,
na ukumbi mzima ukamhurumia kwa ile hasara.

Ya pili akaolewa. Wakamfunika kitambaa cheupe,
midomo ikafunguka mara tatu, basi.
Mama Numbi, ambaye mahari yake ilikuwa haijamalizwa,
akasukumiza humo maneno kumi na saba,
na picha ilipohamia kwa mbuzi yeye bado anaendelea,
hivyo ni mbuzi aliyemalizia:
"Na mjomba wako umwambie vilevile!"
Tulicheka hadi shuka likatikisika.

Miaka ikaenda, kopo kwa kopo.
Burulkan akawa dereva wa trekta, mjane, daktari wa milimani,
mama wa askari.
Mama Numbi akazaa wanne, akazika mmoja,
akang'oka jino la mbele,
na tangu siku hiyo kila s ya Burulkan ikatoka na mluzi.

Kisha ile ya stesheni.
Anampungia mkono mwanamume aliye dirishani,
na Mama Numbi akamtia ahadi kinywani:
"Nitakungoja mpaka bomba lile liache kutoa moshi."
Tukapiga makofi. Bomba letu la shaba,
nani aliwahi kuliona bila moshi?
Ni kama kusema, mpaka kifusi kile cheusi kiote miguu.

Mwaka ule watu fulani wakaambiwa, hapa si kwenu.
Mume wake, mzaliwa wa Mwene-Ditu,
alipanda behewa la mizigo na godoro na redio isiyo na betri.
Wiki hiyo tulionyesha ya stesheni. Hatukuwa na nyingine.
Burulkan akapunga. Midomo ikacheza.
Kando ya shuka, kimya.
Mashine ikasaga, ikasaga,
na watu mia mbili wakatazama mikono yao.

Bomba nalo likaja kuacha moshi. Si kwa ghafla:
kwanza Jumapili, halafu na Jumatatu,
halafu tukazoea kuanika nguo nyeupe.

Juzi nimempelekea simu.
Mjukuu wa fundi mashine amechimbua filamu ya mwisho,
yenye maandishi ya Kifaransa chini.
Kikongwe anamimina chai. Filamu nzima ana sentensi moja.
Nikamsomea: "Funga mlango, kondoo wanapigwa na baridi."

Mama Numbi akairudisha nyuma kwa kidole gumba.
Akairudisha tena. "Amezeeka huyu," akasema.
"Walimlipa?"
Sijui, nikamjibu.
"Mie walinipa sabuni."

Ile ya stesheni pia ninayo, humo humo ndani ya simu.
Nimesoma maandishi yake peke yangu, usiku, mara nyingi.
Pale anapopunga, Burulkan anasema: "Umesahau kofia."
Hilo sikumwambia.

Wala hakuniuliza. "Kondoo gani?" alisema.
"Mtazame mashavu. Mtu hasemi kondoo na mashavu yale."
Akanituma nikazime redio ya jirani,
akajifuta mdomo kwa ncha ya kitenge,
akaisogeza simu karibu na pengo lake,
akangoja midomo ifunguke.