Mpima Malimau

Nilimjua Leónidas Corvalán kabla hajavaa kofia,
alipokuwa na baiskeli, deni na miche arobaini
nyuma ya nyumba ya mamake, huko Tafí Viejo.
Alinikopa hela ya mbolea. Alinilipa, sitamsingizia.

Leo malimau yake yanaanzia barabarani
na sijakutana na mtu aliyeona yanakoishia.
Gavana akija huvua miwani mlangoni.
Waziri wa maji huulizwa, kwa upole tu,
mto ungependa kupita wapi mwaka huu.

Mwenyewe hajagombea hata udiwani.
“Wao wakamue,” aliniambia, “mimi nauza.”

Mimi bado napima, gunia kwa gunia.
Viganja vya wachumaji vimepasuka,
uchachu umehamia humo na haulipi kodi.
Mwezi wa uchaguzi mizani huruhusiwa huruma:
kilo mbili za bure kwa kila mmoja,
na kikaratasi chenye jina la kupigia kura.

Jumatatu yake
fundi huja na bisibisi,
mizani ikarudi kwenye ukweli wake,
kasoro kilo moja.