Saa Nne za Barabara

Chupa ilipasuka jikoni, saa tisa usiku,
Sunná akiwa amesimama na birika la kahawa mkononi.
Nje, nyuzi thelathini chini ya sifuri,
na wodi ya wazazi iko Rovaniemi,
kilomita mia nne na ushei za barafu.

Mimi ni Raili, mkunga wa gari la wagonjwa.
Kabla sijamuuliza uchungu unakuja kila baada ya dakika ngapi
nilishaitafuta karatasi yake:
wiki ya thelathini na sita, kijiti cha pamba,
jibu: ameonekana.

Ameonekana nani?
Kijidudu kisicho na ugomvi na mwenyeji wake,
mpangaji wa chumba cha uani,
hakohoi, halipi kodi, hana kelele,
mpaka siku mtoto anapopita mlangoni
ndipo humdandia, akaingia naye duniani.
Si wote. Wengi hupita salama.
Mmoja mmoja tu.
Lakini huyo mmoja naye ana mama.

Nikautafuta mshipa. Nikaukosa mara mbili.
Mara ya tatu damu ikaniitikia.
Penisilini, yuniti milioni tano,
tone, na tone, na tone.
Nikaandika kwa kalamu mgongoni mwa glavu:
saa kumi kasoro dakika nane.

Kitabu kinasema saa nne.
Dawa itangulie saa nne,
ipite damu ya mama, ivuke kondo,
ikamngoje mtoto ndani kwa ndani
kabla hajaugusa mlango.
Kitabu hakikuandikwa ndani ya gari.

Ovla aliendesha kama mtu aliyebeba mayai
na amechelewa sokoni.
Kisha kulungu wa theluji, thelathini na zaidi,
wakasimama katikati ya barabara
wakitutazama kwa upole wa wenye mali.
Ovla akapunguza taa, akangoja.
Sunná akauma ukanda wa koti langu.
Mimi nikahesabu matone.

Mama yake, Risten, kwenye kiti cha pembeni,
hakuwa amesema neno tangu nyumbani.
Yeye mtoto wake wa kwanza alizaliwa mzima,
akanyonya, akalala.
Siku ya pili akaanza kuguna.
Siku ya tatu wakamrudishia Risten blanketi.

Mjukuu hakungoja kitabu.
Alitoka kabla hatujafika Sodankylä,
msichana, mwekundu, mwenye hasira zake.
Nikaitazama glavu: saa tatu na dakika kumi.
Dakika hamsini tulikuwa tunadaiwa.

Basi wodini tukamlinda, siku mbili, usiku mbili.
Joto. Pumzi. Joto tena.
Damu yake kidogo ikatiwa kwenye chupa ya kuoteshea
na sisi tukaomba kitu kimoja cha ajabu:
kisiote kitu.
Hakikuota.

Ni dawa? Ni bahati? Sijui.
Kinga haina shahidi;
ushahidi wake ni jambo ambalo halikutokea.
Nilimweleza Sunná pia upande wa pili wa shilingi:
dawa ikifagia haichagui,
imewafukuza na wema waliokuwa waende tumboni mwa mtoto.
Mnyonyeshe, nikasema,
watarudi, taratibu.

Asubuhi ya tatu Risten alinikuta kwenye korido
na chupa yake ya chai iliyojaa kahawa.
"Mwaka ule," akasema, "dawa hii ilikuwepo?"

Ningeweza kusema haikuwepo.
"Ilikuwepo. Kabatini, rafu ya pili.
Tuliijua kwa koo na kwa vidonda.
Hatukujua kuitanguliza."

Sikumwambia kwamba nilikuwa mwanafunzi katika wodi ile,
na ufunguo wa kabati ulining'inia kiunoni mwangu.

Akanimiminia kahawa.
Akatia sukari, vijiko vitatu, bila kuniuliza,
kama nilivyokuwa nikinywa mwaka ule.